Mashine ya Alizeti na Msiba Wangu wa Stafford

Ndugu zangu, tangu nirudi Singida sijapita mahali bila kushikwa mkono na kuulizwa nilifikaje kuwa marehemu. Habari hii nimemweleza fundi baiskeli, nimemweleza imamu, nimemweleza mwenye duka la dawa, na kila mmoja alipata kipande chake kwa sababu nilikuwa na haraka. Sasa naona vipande vimeunganishwa vibaya. Juzi nimesikia kwamba nilifufuka. Sikufufuka, kwa sababu sikufa. Naandika yote hapa, kituo kwa kituo, ili anayetaka kuuliza asome kwanza. Mambo ya viza na tiketi sitayagusa. Yalinichosha mara moja, inatosha.

Kwa wale wasionijua vizuri, mimi ni Omari, mwalimu mstaafu wa historia. Kwa miaka thelathini nimeandika ubaoni swali lile lile: kwa nini viwanda viliibuka Uingereza kabla ya sehemu nyingine za dunia? Chini yake ziko sababu saba, ambazo wengi wenu mlizikariri kwangu na kuzisahau mkishatoka kwenye chumba cha mtihani. Siku ya kuniaga kazini, dada yangu Mwajuma alisimama mbele ya wageni akasema, "Mwalimu, miaka yote hii unawaeleza watoto kwa nini Mwingereza ana kiwanda. Sisi cha kwetu kiko wapi?" Watu walicheka sana. Na mimi nilicheka, lakini swali lile liliniingia na halikutoka.

Mwajuma anaongoza kikundi cha akina mama kumi na wanane wanaolima alizeti. Kila mwaka huuza mbegu kwa gunia kwa mnunuzi mwenye lori, kisha huenda dukani kununua mafuta ya alizeti kwenye chupa yenye picha ya ua lao wenyewe. Safari hii niliwaahidi mashine ya kukamulia, na kwa ahadi yangu wakakataa kuuza. Magunia yote yaliwekwa chumbani kwa Mwajuma mpaka yakagusa dari, mwenyewe akahamia kulala sebuleni. Ada za shule zilikuwa zinawabana, na mnunuzi alikuwa anapita kila wiki kuuliza kama wameshachoka. Hilo ndilo nililokuwa nimelibeba safari nzima, na naomba mlikumbuke mtakapokuwa mnacheka.

Irving

Binti yangu Zaina ni muuguzi, anaishi Irving, jimbo la Texas huko Marekani, karibu na uwanja wa ndege kiasi kwamba kila baada ya dakika chache lazima mtu anyamaze katikati ya sentensi mpaka ndege ipite. Yeye ndiye aliyempata mzee mmoja nje ya Fort Worth aliyekuwa anatoa bure mashine ndogo ya kukamua mafuta, mradi tu mtu aje aiondoe. Msiniambie kwamba mashine kama hizo zinauzwa hata Arusha. Najua. Za Arusha zinauzwa, hii ilikuwa ya bure.

Ya kuifikisha nyumbani ilikuwa kazi nyingine. Watu wa Afrika Mashariki wanaoishi Houston hukodi kontena kwa pamoja, kila mmoja akaweka vitu vyake, likapakiwa Stafford, kando ya Houston, na kupelekwa bandarini. Lililokuwapo lilikuwa linafungwa Jumamosi jioni, na la baada ya hapo hakuna aliyejua lingejaa lini. Msimamizi wake, kijana Mtanzania aitwaye Deo, alikuwa ameshamwambia Zaina kwamba nafasi hakuna, hata ya sufuria. Nikamwambia Zaina twende hivyo hivyo. Kumkatalia mzee kwenye simu ni rahisi. Kumkatalia amesimama mbele yako, na mashine iko nyuma yake, kunataka moyo mgumu.

Jumamosi saa kumi na mbili asubuhi akaja Mama Shiro na pikapu yake. Ni Mkenya, muuguzi mwenzake Zaina, na alikuwa ametoka zamu moja kwa moja, bado na nguo za kazi.

"Mwalimu, habari ya asubuhi! Uko sawa? Leo tuna-drive mpaka Houston. Nimebeba vitu vidogo vya kukula."

Vitu vidogo vilikuwa chapati thelathini, sufuria ya ndengu, yaani choroko, mayai ya kuchemsha na chupa mbili kubwa za chai. Nikamwuliza tunasafiri watu wangapi. Akasema watatu, akaniangalia kama mtu anayejiuliza kama zitatosha.

Tulipoingia barabarani akaniuliza nilifundisha nini, nikamtajia swali langu. Hakungoja sababu hata moja.

"Hiyo ni rahisi, Mwalimu. Ni baridi. Mzungu alikuwa ana-freeze, angefanya aje? Akawasha moto, moto ikachemsha maji, maji ikasukuma kitu. Kwisha. Sisi jua ilikuwa inatutosha."

"Na wale wanaoishi kwenye barafu kule juu kabisa ya dunia? Mbona hawakuwa na viwanda?"

"Hao walikosa kuni."

Nilitaka kumsahihisha, nikakuta siwezi. Sababu yangu ya kwanza ni makaa ya mawe, kwamba Uingereza yalikuwa karibu na juu ya ardhi na karibu na mto, na ukiyachimba maji yanajaa shimoni, unatafuta kitu cha kuyavuta. Yule mama alikuwa amefika karibu kuliko darasa zima la kidato cha tatu, tena akiwa anamenya yai huku anaendesha.

Fort Worth

Mzee mwenye mashine tumwite Wendell. Alitungoja getini na kofia pana, na jambo la kwanza alilotufahamisha ni kwamba mashine haiondoki mpaka tumeijua. Aliinunua yeye na mkewe ili wakamue mafuta ya karanga za miti ya kwao. Mke amefariki, karanga zinaliwa na kindi. Akatukalisha, akatupa kahawa isiyo na sukari, akaanza kutuonyesha boliti moja moja na jina lake. Zaina akawa anatafsiri, maana Kiingereza changu cha darasani kilishindwa na lafudhi ya mzee.

Saa ikapita. Nikawa naitazama barabara. Mzee akakamua bakuli zima la karanga mbele yetu, akanipa mafuta kwenye kijiko, akaningoja nimeze. Nikasema ni matamu. Akakamua bakuli la pili. Mama Shiro naye, kwa kuona kahawa kavu inamwumiza roho, akashusha chapati na ndengu. Basi hapo ndipo tulipokwama kabisa, kwa sababu mzee alikuwa hajawahi kuona chapati, na Mama Shiro hawezi kumwacha mtu ale moja.

Lakini siwezi kumlaumu, kwa sababu alinipa jambo ambalo sikulikuta kitabuni. Aliniuliza mashine inakwenda kufanya nini, nikamweleza ya Mwajuma: mbegu zinatoka, chupa zinarudi. Akaacha kutafuna.

"Babu yangu alilima pamba hapa hapa," akasema. "Treni iliichukua, meli ikaichukua, ikaenda kufumwa mbali huko. Halafu babu alikuwa ananunua shati."

"Shati la pamba yake?"

"Nani ajuaye? Lilikuwa linambana."

Nilisimama nikampa mkono. Miaka yote nimewaambia watoto kwamba Amerika ilikuwa na viwanda, Afrika ilikuwa na mashamba, kana kwamba mstari umepigwa baharini. Kumbe mstari ulipita ndani ya Amerika yenyewe, na Texas ilikuwa upande wetu. "Zaina," nikasema, "mwambie kwamba kwao kulikuwa Singida." Zaina akamwambia. Mzee akafikiri kidogo, akauliza kama Singida ni mji wa Mexico.

Mama Shiro ndiye aliyekisoma kibati kilichopigiliwa ubavuni mwa mashine. "Aki, hii kitu imetengenezwa India!" Akacheka mpaka akashika ukuta. Mimi sikucheka sana. Ulimwengu ulikuwa unavaa nguo za India wakati Mwingereza bado anajikuna na sufu ya kondoo. Kisha akajifunza, akaziwekea ushuru nguo zao, akawauzia za kwake. Sasa India inauza mashine Texas na mwalimu wa Singida anaipokea kama zawadi. Ningewapa swali hilo kwenye mtihani wangekataa kulijibu, na wangekuwa na haki.

Tulitoka saa nne. Mzee aliinyanyua mashine kwa trekta na kuiweka kwenye trela tulilokodi. Alipokuwa anaifunga kamba aliigonga mara mbili kwa kiganja, akageuka akaingia ndani bila kutuaga.

Corsicana

Karibu na mji wa Corsicana gurudumu la trela lilipasuka. Mama Shiro alisogea pembeni salama, Zaina akapiga simu ya msaada, tukaambiwa tusubiri. Tulisubiri muda ambao ningeweza kufundisha mapinduzi ya kilimo yote na kurudia. Jua lilikuwa kali. Nilipanda kwenye trela, nikajinyoosha kwenye kivuli cha mashine, nikajifunika shuka nyeupe mpaka usoni kwa sababu ya nzi, nikalala fofofo.

Hapa naomba msome polepole, maana hapa ndipo nilipofia.

Nikiwa nimelala, gari la msaada lilifika na taa zake nyekundu zikizunguka. Mama Shiro, kwa moyo wake mwema, akapiga picha: trela, taa nyekundu, shuka nyeupe ndefu yenye miguu inayochomoza, na Zaina ameshika kichwa kwa mikono miwili. Akaituma kwenye kundi la simu la watu wa Stafford wenye kontena, kuwajulisha kwamba tutachelewa. Akaandika, "Tumekwama hapa Corsicana na mzee wetu. Tuombeeni." Kisha simu yake ikaisha chaji, na yangu ya Singida haikushika mtandao wa kule.

Simu ya Zaina ilikuwa ndiyo inayotuonyesha njia, na aliipanga ikatae simu zote anapokuwa safarini. Kundi lenyewe alikuwa amelinyamazisha zamani, kwa sababu ya salamu za asubuhi zenye picha za maua. Na wiki iliyotangulia alikuwa amewaambia watu wale wale kwamba baba yake ana presha. Jumlisheni wenyewe.

Niliamka nikamkuta fundi wa gurudumu, kijana aitwaye Ramiro, ananitazama kwa mashaka. Nilipomwamkia alifurahi kuliko kawaida. Aliuliza mashine ni ya nini, nikamweleza, na kwa kuwa swali langu halikai kimya, nikamwuliza yeye anaonaje: kwa nini wengine waliwahi?

"Bahati tu, bwana," akasema. "Hapa Corsicana watu walikuwa wanachimba kisima cha maji. Yakatoka mafuta. Unajua walifanya nini?"

"Walishangilia."

"Walikasirika. Walikuwa na kiu."

Bahati haimo katika sababu zangu saba. Nilikuwa nikiwakata alama wanafunzi walioiandika. Naomba radhi kwa wote, hasa yule binti wa Iramba aliyelia.

Sugar Land

Stafford iko kusini-magharibi mwa Houston, na tulipaswa kuifikia saa tisa. Lakini barabara za Houston zina njia nyingi mno, na Zaina na Mama Shiro walikuwa wanabishana ipi ni ipi.

"Mama Shiro, exit ni hii, hii hapa!"

"Hapana, msee, ni ile ingine. Mi nimekuja huku mara mingi."

Tukaipita Stafford tukatokea Sugar Land. Nyumba kubwa, nyasi zilizokatwa sawasawa, na katikati jengo refu la matofali mekundu, kiwanda cha zamani cha sukari, kimya. Niliwaomba wasimame dakika mbili. Zaina akanikumbusha kontena. Nikasema dakika mbili.

Sukari imo kwenye sababu ya tano. Pamba nayo imo. Huwa naisoma haraka haraka: faida ya mashamba ya watumwa ilisaidia kuwasha viwanda. Wanafunzi wanaandika, tunaendelea. Pale mwanamke mmoja aliyekuwa anatembeza mbwa alinieleza kwamba miwa ya huku ililimwa na watumwa, na utumwa ulipokwisha ikalimwa na wafungwa waliokodishwa, weusi wengi wao, na kwamba wengine makaburi yao yamekuja kuonekana juzi juzi tu watu walipokuwa wanajenga. Aliongea taratibu, kisha akanitakia siku njema. Mbwa akanilamba mkono.

Niliona aibu. Nilikuwa nimeisoma sababu ya tano kwa miaka thelathini kama mtu anayesoma orodha ya vitu vya dukani.

Stafford

Tulifika ukumbini saa kumi. Magari yalikuwa yamejaa mpaka kwenye majani, na harufu ya pilau ilitupokea nje. Nikamwambia Zaina kuna harusi, tutafute Deo haraka kabla hajaanza kula. Kontena lilikuwa uani, milango wazi, na mbele yake, juani, lilisimama friji kubwa jeupe, magodoro mawili na kabati la vyombo.

Tuliingia kwa mlango wa nyuma. Kulikuwa na watu zaidi ya mia, wanawake wamejifunga kanga kiunoni, na mbele kabisa picha yangu kubwa yenye maua pembeni. Ni ile ya kwenye simu, niliyopigwa nikiwa nimeudhika. Kijana mwenye suti alikuwa ameshika kipaza sauti anasoma.

"Marehemu Mwalimu Omari alizaliwa Singida. Baada ya masomo alijiunga na chuo cha ualimu, akafundisha jiografia kwa miaka thelathini..."

"Historia," nikasema kutoka nyuma.

"Historia, asante," akasema bila kuinua kichwa. "Ameacha watoto watano..."

"Wanne."

Hapo akainua kichwa. Watu wakageuka. Sijui nielezeje kelele iliyofuata. Wako waliokimbia, wako waliokuja. Mtu wa kwanza kunifikia alikuwa mama mmoja Mkongo mwenye mwili wake, Mama Furaha, muuguzi naye. Alinikamata mkono akabana mshipa.

"Attendez, ngojeni! Papa iko muzima! Moyo inapiga!"

Kumbukeni kwamba nusu ya watu wale ni wauguzi. Nilikalishwa kitini, nikafungwa vipimo vya presha mikono yote miwili, wa tatu akawa anangoja zamu. Ilikuwa juu. Walijadiliana kwa nini.

Zaina alikuwa analia na kugomba kwa wakati mmoja, Mama Shiro anaapa kwamba yeye aliomba maombi ya gurudumu tu. Deo, ndiye yule mwenye suti, alikuja akanipigia magoti.

"Shikamoo, Mwalimu. Tusamehe sana. Lakini... ratiba tumeshaichapisha."

Basi tukaendelea na ratiba. Nilikaa meza ya mbele nikasikiliza salamu za rambirambi kutoka kwa Wakenya, Watanzania, Wakongo, kwaya moja na ustadhi mmoja. Walionena walinisifu vizuri, wengi hawajawahi kuniona. Kisha tukala. Pilau ilikuwa nzuri.

Nilipopata nafasi nikamnong'oneza Deo kuhusu mashine. Akanionyesha nje kwa kidevu.

"Nafasi ipo, Mwalimu. Tuliposikia umefariki ukiwa unampelekea dada yako mashine, tulisema huo ni wosia. Mama Furaha akatoa friji lake. Mimi nimetoa kabati la mama yangu."

Jumatatu, nikiwa hai, hapakuwa na nafasi ya sufuria. Watu hawa hawa, kwa saa nne tu, walikuwa wamepata ukumbi, nyama, vipaza sauti, mchapaji, michango na nafasi ya mashine ndani ya kontena lililojaa. Katika sababu zangu iko inayoitwa mtaji, na siku zote niliwaambia watoto kwamba sisi hatukuwa nao. Nilikuwa naukodolea macho. Upo, una mwenyekiti, katibu na katiba, ila hutoka mtu akifa.

Furaha yangu haikudumu. Mzee mmoja Mtanzania, mwenye magodoro, akasimama na kuomba mwongozo wa kiti.

"Mwenyekiti, mimi namshukuru Mungu Mwalimu ni mzima. Lakini magodoro yangu yalitoka kwa ajili ya msiba. Msiba haupo. Yarudi."

Ukumbi ukagawanyika. Katiba ya chama chao cha kusaidiana ikaletwa ikasomwa. Inasema "msiba", haisemi mashine. Mwingine akasema maiti ndiyo yenye haki, aliye hai asubiri kontena lingine kama wengine. Dereva wa lori akapiga honi nje. Nikasimama, nikaanza kuwaeleza jinsi Waingereza walivyokuwa wanaweka nguvu pamoja kuchimba mifereji. Walinisikiliza kwa adabu ile ninayoijua, ya kipindi cha mwisho kabla ya chakula cha mchana. Nikakaa. Akilini nilimwona Mwajuma amelala sebuleni, na mnunuzi anabisha hodi.

Ndipo Mama Furaha akainuka.

"Papa, tukuulize kitu. Siku utakufa ya kweli, tutafanya tena hii yote? Tutapika tena, tutatoa tena?"

"Nadhani hivyo, mama."

"Basi chagua. Tukulilie leo, ao tukulilie ile siku. Mara mbili, non."

Zaina akanishika mkono. "Baba, usikubali. Baba, huo ni msiba wako!"

"Leo," nikasema.

Katibu akaandika kwenye kumbukumbu, neno kwa neno: msiba wa Mwalimu Omari umekwisha kufanyika kwa heshima zote, na atakapofariki chama hakitahusika. Nikatia sahihi. Mashahidi wakatia sahihi. Mwenye magodoro akanipa mkono wa pole. Kisha wanaume sita, wauguzi wawili, mhasibu, wanafunzi wawili na Deo akiwa na suti yake, wakaibeba mashine kutoka kwenye trela wakaiingiza ndani ya kontena, wakaifunga, na milango ikafungwa. Friji la Mama Furaha likabaki juani. Nililitazama, nikalia mbele za watu, na sikuona haya.

Simu

Mashine ilivuka bahari na kufika kwa Mwajuma salama. Mmeiona chini ya turubai, mnaipapasa kila mkipita, na mnaniuliza kwa nini haizunguki. Jibu lake ni simu ninayoieleza sasa.

Katika kundi lile la Stafford kuna mtu mwenye binamu hapa Singida. Hivyo habari za kifo changu zilifika kwenu Jumamosi ile ile, na za uzima wangu zikachelewa. Tangu ukumbini nilikuwa nampigia Mwajuma, simu yake haipatikani. Pole zilikuwa zimeimaliza chaji. Nilimpata Jumapili saa mbili asubuhi ya Houston, kwenu ikiwa jioni.

"Nani?"

"Mimi. Omari."

"Omari yupi?"

"Ndugu yako, Mwajuma. Sikufa. Nilikuwa nimelala."

Aliniuliza marehemu baba alikuwa ananiita nani nilipokuwa mdogo. Nikamtajia. Alilia kwa muda mrefu, kisha akanitukana kwa maneno ambayo siwezi kuyaandika kwa kuwa imamu atasoma. Nilimwacha amalize. Halafu nikamwambia lile nililokuwa nimelihifadhi kinywani tangu jana: mashine imo kontenani, kontena liko njiani kwenda bandarini, kiwanda chetu kinakuja.

"Mwajuma? Umenisikia?"

"Watu walikuwa wengi, Omari," akasema. "Walijaa mpaka barabarani. Wanafunzi wako wa miaka yote. Kuna mmoja ametoka Manyoni kwa pikipiki. Ningewaachaje na njaa? Na akina mama wakasema, aliyekuwa analeta mashine hayupo tena, sasa tunangoja nini?"

"Mmeuza."

"Yote."

Ndege ilipita juu ya nyumba tuliyolala, nikangoja ipite.

"Kwa nani?"

"Kwa yule yule. Alikuja kuhani. Alilia, Omari, usidhani alikuwa anaigiza, nilimwona kwa macho yangu. Alisema ulimfundisha kidato cha pili."

"Halafu?"

"Halafu akawaita watu wake, wakapakia."